Mstari wa Besi

Kaka yangu alikuwa fundi wa kuchomelea mageti, na katika kwaya yetu besi alikuwa yeye peke yake. Mimi niliimba alto, mbele yake, na kila mazoezi nilimgeukia: "We, punguza! Unatumeza!" Alicheka tu, halafu akazidisha.

Alipofariki, mwalimu wa kwaya alituuliza tutaimba nini mazishini. Bila kufikiri, sote tukautaja wimbo alioupenda. Hakuna aliyekumbuka kwamba katikati ya wimbo huo sauti nyingine zote hunyamaza, besi ikajibu peke yake mstari mzima.

Siku ya mazishi, wimbo ulipofika kwenye mstari huo, tukanyamaza kama tulivyozoea. Mkono wa mwalimu ukaelekea nyuma yangu, kwenye nafasi ya kaka, ukabaki hewani. Turubai lilipigapiga kwa upepo. Mama alikohoa. Mstari ule tunaujua sote kwa moyo, yeyote angeweza kuuimba, lakini tulisimama kama magogo tukilitazama jeneza. Nilitamani kumzaba mtu kibao, na sikujua nani.

Muda wa mstari ulipokwisha, wenzangu waliingia sawasawa, bila kuonyeshwa, utadhani walikuwa wamemsikia. Nilifungua mdomo niingie nao, nikakosa pa kuanzia.

Miaka tisa noti yangu ya kuanzia nilikuwa naiokota pale sauti yake ilipoishia. Sauti ileile niliyomfokea kila Jumamosi aipunguze.