Mbuzi Aliyekung'uta Theluji

Bonde letu zima halina mtu mwenye moyo mgumu kama wangu. Ile filamu ya kutisha ya mbuzi niliitazama mwanzo hadi mwisho huku nikitafuna mkate mkavu. Ndivyo nilivyomwambia mama.

Filamu yenyewe ilipigwa hapa hapa, mama akiwa bado mchanga, kisha ikapotea. Wazee wakabaki kubishana: iliungua, hapana, ililiwa na panya. Juzi Mdenmaki mmoja kaikuta darini kwa marehemu mjomba wake, akaitupia mtandaoni.

Wauaji ndani ya filamu ni watu wa kwetu, wamevaa ngozi na vinyago vya mbuzi, kama tunavyovaa Krismasi tukipita nyumba kwa nyumba ili wenyeji wabahatishe nani ni nani. Babu Sjur alikuwemo. Barafu ilipoanza kuyeyuka mwaka huo, ziwa likamchukua. Ikabaki picha moja tu, ya harusi, na humo kafumba macho. Mama hajawahi kuyaona macho ya baba yake.

"Uso wake unaonekana?" aliniuliza.

"Hakuna anayevua kinyago, mama. Usijisumbue."

Lakini jioni bibi Borghild, dada yake babu, akashuka ngazi na sindano zake za kufumia. "Washeni hiyo kitu. Nataka kuwaona vijana wangu."

Tukawasha. Mlango ukagongwa, mbuzi wakaingia mmoja mmoja na mashoka. Bibi akapiga makofi.

"Huyo Nils! Si mnaona anavyotembea kama bata? Na hicho kitambi ni cha mpiga kinanda wa kanisani, hakuna mwingine!"

Muuaji wa mwisho akasimama kizingitini, akakung'uta theluji viatuni, mguu huu, na huu, ndipo akanyanyua shoka.

"Sjur," bibi akasema polepole. "Angeingia na theluji, mama yetu angemchapa."

Mama akasogea karibu. "Rudisha, Eivind." Nikarudisha. "Tena."

"Inatosha, mama. Mbele ni damu tu," nikasema, kidole kikitafuta kitufe cha kuzima.

"We, acha!" bibi akafoka. "Mbuzi akishatambuliwa sharti avue. Wale wapiga filamu wa Oslo walikuja na kamera zao, lakini vijana wetu wasingetoka nyumba ya mtu na vinyago usoni."

Kweli bwana. Damu ilimwagika weee, kisha mbuzi wakaketi mezani pa marehemu, wakavua, wakajimiminia kinywaji. Babu Sjur alivua wa mwisho. Macho mapana, yameachana, yanacheka kabla ya mdomo.

Mama akaweka kiganja kwenye kioo cha televisheni. "Kumbe macho yake yako hivi," akasema. Akakaa hapo hadi maandishi ya mwisho yakaisha. Kisha akanigeukia.

"Wewe si ulisema hakuna anayevua?"

"Labda niliona nakala nyingine, mama. Ziko nyingi huko."

"Nakala gani?" bibi akadakia. "Ile ya juzi jikoni? Nilikuwa nyuma yako namenya viazi. Mlango ulipogongwa tu humo kwenye filamu, pa! ukafunga kompyuta, ukaniomba nikusindikize kuchukua kuni. Mimi, na magoti haya!"