Bega la Mtawa

"Simamisha hapo," alisema Thavry, na mtu aliyekuwa kwenye kioo cha mashine ya filamu akaganda, upawa wa wali mkononi.

Piseth, mwongozaji kijana aliyekuwa akitafuta picha za zamani za kutia katika filamu yake, alimgeukia. "Ndiye, dada?"

Thavry alisogea mpaka pumzi yake ikatia ukungu kwenye kioo. Kwa miaka ishirini na sita alikuwa akisafisha mikanda katika nyumba hii ya kumbukumbu ya Phnom Penh, na mikono yake ilinuka siki ya filamu zinazooza. Kila mkanda wa kutoka Kampong Thom, mkoa wa kwao, aliutazama mpaka mwisho. Baba yake alichukuliwa na askari kabla yeye hajazaliwa, na picha zote za nyumbani zilichomwa. Alichoachiwa ni kidole cha mama, kilichomgusa tangu utotoni chini ya jicho la kulia: "Hapa. Baba yako alikuwa na kidoa kama punje ya pilipili manga." Kila mwaka, siku ya kulisha wafu, alimpelekea wali hekaluni mtu asiyemjua sura.

Huyu alikuwa na pua ya Thavry. Masikio ya Thavry. Lakini kidoa kilikuwa chini ya jicho la kushoto.

"Siye."

"Pole, dada." Piseth alijikuna kichwa. "Basi nami nitamkata. Mwone, anawapakulia watawa kwa mkono wa kushoto! Bibi yangu angemchapa kwa upawa huohuo."

"Labda ana shoto."

"Hata akiwa na shoto, dada, mbele ya watawa?"

Alicheka kidogo, akakiacha kipande kiendelee. Thavry hakutaka kuuona tena uso ule. Akatazama nyuma ya mtu yule, kwenye safu ya watawa waliokaa mkekani na mabakuli yao. Joho limefunika bega la kulia. La kushoto liko wazi. La wa kwanza. La wa pili. La wote.

"Mama yangu we!" alinong'ona. "Piseth, mkanda nimeuweka kinyume, kulia kumekuwa kushoto."

"Wewe?"

"Mimi. Watawa huacha wazi bega la kulia, nami natazama uso tu."

Aliufungua mkanda kwenye mashine, akaugeuza, akaupitisha upya kwenye meno ya magurudumu. Mara mbili ulimponyoka. Kioo kilipowaka, mabega ya kulia yote yalikuwa wazi, na upawa umehamia mkono wa kulia. Yule mtu akainua uso, kama aliyeitwa.

Piseth akasema taratibu, "Kipande hiki nilikipimia sekunde mbili tu. Nikiache mpaka mwisho, dada?"

Kidole cha Thavry kilikuwa kimepanda chini ya jicho lake la kulia, na mtu yule aliendelea kupakua wali, bakuli baada ya bakuli, mpaka mkanda ukaisha na kioo kikabaki cheupe.