Ndizi za Wakfu

Mwanahawa alishinda kesi ya kwanza kwa sababu ya ndizi, na wanawake wa Mlalo tukapiga vigelegele, Waislamu kwa Walutheri. Mimi Klara, jirani yake, nilipiga mpaka koo likaniuma. Laiti ningejua, ningemziba mdomo kwa kanga yangu.

Baba yake, Mzee Shekigenda, aliliweka shamba lake la bondeni wakfu kwa msikiti miaka michache kabla ya Uhuru. Migomba, kahawa, na kijumba kilichomo: vyote vya Mungu. Mwanahawa, mjane asiye na pengine pa kulala, akae humo awe msimamizi. Mzee alipokufa, akatokea kaka mtu, Athumani. Huyo miaka yote alikuwa Korogwe kwenye mkonge, na baba alipolala kitandani hakuleta hata sukari. Sasa akasema shamba ni urithi, wakfu ni porojo.

Mahakama ya mwanzo ilimuuliza Mwanahawa kama kweli alilitunza shamba. Akaeleza alivyolima na alivyopeleka mafuta ya taa msikitini. Kisha, kwa huo moyo wake mweupe unaokera, akaeleza alivyomuuguza baba yake: kila siku alikata ndizi mle shambani, akampikia, akamlisha kwa mkono. Wazee wa baraza walifuta machozi. Athumani hakufuta kitu. Alikuwa anasikiliza.

Alipanda basi hadi Tanga kumuuliza mwanachuoni, kisha akakata rufaa Lushoto. Tulimsindikiza Mwanahawa bila wasiwasi, tumevaa nguo za sikukuu. Hakimu alikuwa kijana mpole. Athumani aliomba dada yake aulizwe swali moja tu.

"Mama," hakimu alisema, "baada ya kulitoa shamba, baba yako aliendelea kula mazao yake?"

Mwanahawa alisimama kwa fahari. "Alikula, mheshimiwa. Mpaka siku aliyofariki. Tate, baba yangu, hakulala na njaa, mimi nipo."

Hakimu aliweka kalamu chini. Akaeleza taratibu kwamba mwenye kuweka wakfu haruhusiwi kuendelea kuula mwenyewe. Akiula, basi hakutoa. Mali ilibaki yake, na sasa ni urithi. Mtoto wa kiume mafungu mawili, wa kike moja. Athumani akapata bonde na kijumba. Mwanahawa akapata ule upande wa mawe ambako hata mbuzi huteleza.

"Kwa hiyo ningemwacha afe njaa?" aliuliza. Hakimu alikwisha kuita kesi nyingine.

Asubuhi ya kuhama nilikwenda kumsaidia kubeba. Athumani alikuwa amekaa mlangoni, kwenye kigoda cha baba yake.

"Dada," alisema, "kabla hujaondoka nipikie zile ndizi. Zimesifiwa mpaka Lushoto."

Nilimwomba Mungu wangu amtie Mwanahawa jeuri, walau siku hiyo moja. Yeye akatua mzigo, akafungua sufuria tuliyokwisha kuifunga, akachukua panga.

"Mwache!" nilimfokea. "Mwache afe huyo!"

"Ni mtoto wa tate, Klara. Ana njaa."

Akapika, akatia chumvi ya kutosha, akampakulia. Athumani akala zote, akanyoosha mikono anawishwe. Mwanahawa akamletea maji.