Vibao Vyote vya Visigino

Kwa kinyozi, harusini, kwenye simu za watoto waliozaliwa kundi likiwa limeshavunjika: kila nipitapo naisikia sauti yangu, na kila mtu anamsifu shemeji yangu. Kundi letu la disko liliitwa Visigino. Lilikufa zamani, lakini albamu ya Vibao Vyote vya Visigino imegoma kufa. Kwenye jalada yumo yeye peke yake, kifua wazi, meno nje.

Zile noti za juu zinazowatoa watu machozi niliziimba mimi. Shemeji, mume wa dada yangu, sauti yake huishia shingoni. Jukwaani alitaka aonekane peke yake, basi nikawekwa nyuma ya pazia, eti kwa muda tu. Muda huo umeniotesha mvi. Nilipoomba jina langu liandikwe kwenye jalada, alicheka mbele ya wapiga ala wote.

"Shemeji, nani atanunua santuri yenye sura yako?"

Wanasema kikulacho ki nguoni mwako; changu kilikuwa ndani ya suti inayometameta. Neno lile limenikaa kooni mpaka leo.

Juzi walikuja nyumbani, yeye na dada. Kuna onyesho la kuadhimisha albamu, tiketi zimekwisha.

"Mara ya mwisho, mdogo wangu," dada akanibembeleza. "Mfichie aibu."

"Nitakuja," nikasema. Moyoni nilishamchimbia shimo.

Mpango wangu ulikuwa kunyamaza tu. Kiitikio kifike, anyanyue mikono, afungue mdomo, kisitoke kitu. Jumamosi alasiri nikasimama nyuma ya pazia na kipaza sauti changu, nikafumba mdomo kwa raha zangu.

Ukumbi mzima ukaimba. Wazee, vijana, wauza soda mlangoni, wote noti ileile ya juu, na pale ninapovuta pumzi mimi, nao wakavuta. Albamu ilishawafundisha. Shemeji akawaelekezea kipaza sauti, akajishika kifua kama mtu aliyeguswa, wakampigia makofi kwa ukarimu wake.

Miaka yote nimemtilia sauti mdomoni, na sasa hata kimya changu kimemfaa.

Kupitia mwanya wa pazia nikamwona akifuta jasho. Kilichofuata kilikuwa kibao cha taratibu, kile kinachoanza kwa sauti tupu bila ala, ambacho watu hukisikiliza bila hata kukohoa. Desturi yetu ni kwamba yeye hugonga kisigino sakafuni ndipo nianze. Hakugonga. Alichukua chupa ya maji, akalaza kichwa nyuma, akanywa, koo likipanda na kushuka mbele ya watu wote.

Nikaimba.

Sauti yake maarufu ikajaa ukumbi huku maji yakimshuka. Akapaliwa, akakohoa mpaka shati likalowa, na wimbo ukazidi kupanda bila kikohozi hata kimoja. Mtu mmoja akacheka, kisha safu nzima. Akaligeukia pazia.

"Shemeji, nakuomba," akanong'ona, na kipaza sauti chake kikalifikisha ombi lile hadi mlangoni.

Pembeni ya jukwaa, dada yangu alikuwa amejifunika uso kwa mikono. Nilimwonea huruma, nisiseme uongo. Lakini ubeti wa pili ulikuwa umefika, nikauingia kwa sauti yote niliyojaliwa.