Kinyota cha Kifua Kimoja

Mdogo wake walimwita Redio, na hawakumwonea. Ukimwambia siri asubuhi, adhuhuri muuza mkaa anakusimulia wewe mwenyewe. Dada mtu alilijua hilo tangu wangali watoto, na bado, siku alipomfunga jiwe kifuani, hakumwonya afunge mdomo. Hapo ndipo alipokosea, na kosa lile alikuwa akilitafuna kila siku.

Mji wao uliishi kwa nyota. Alama ikichongwa sawasawa kwenye jiwe huvuta nguvu ya nyota yake, usiku na mchana: chungu kikachemka, taa ikawaka, kinu kikazunguka. Karibu wote walivuta kutoka nyota moja kubwa, ndiyo maana jioni, kila nyumba inapobandika chungu, nguvu hupungua na kila mtu humlaumu jirani yake. Chungu huweza kusubiri. Moyo hausubiri. Redio alipougua moyo, miaka mitatu iliyopita, dada yake, fundi wa kuchonga alama, alipekua ramani ya mbingu mpaka pembeni kabisa, akapata kinyota ambacho hakuna aliyewahi kukitaka. Akachonga alama zake saba, na moyo wa mdogo wake ukashika njia. Alikiita kinyota cha kifua kimoja, na alijivunia sana.

Redio akapona, na mdomo wake ukapona naye. Kila aliyeuliza alionyeshwa jiwe. Watu waliweka karatasi juu yake, wakasugua mkaa, wakaondoka na alama zote saba. Redio alisema nyota haina mwenyewe, na kwamba kizuri kula na mwenzio.

Mwezi huu mapigo yakaanza kukawia. Fundi alizunguka mtaa mzima, nyumba kwa nyumba, akakuta mawe sita ya kinyota kile. Matano yalikuwa ya taa na vyungu. Wenyewe walipoelezwa waliyavunja palepale, mmoja akilia kwa aibu, na fundi hakuwa na kinyongo nao, kwa kuwa walikuwa hawajui. Mapigo yakarudi kidogo, lakini hayakutosha. Akachonga jiwe la nyota kubwa, akalijaribu kifuani kwa mdogo wake, midomo ikabadilika rangi naye akalibandua mbiombio. Mwili ukishazoea nyota moja haupokei nyingine.

Likabaki jiwe la sita, la mshona nguo wa pale kona.

Asubuhi hiyo alitia patasi kwenye mkoba, akamwambia Redio anakwenda kununua uzi. Alichokuwa anakiendea alikijua na hakukipamba. Damu ni nzito kuliko maji, alijisemea njia nzima, na kila aliposema ilizidi kumkaukia mdomoni.

Mshona nguo aliinuka kwenye cherehani, akiwa amebana pini mdomoni, akazitoa moja moja kabla ya kumwamkia. Juu ya kapu la vitambaa alilala mwanawe wa miezi minne, aliyezaliwa na mapafu mabovu. Kijiwe kilifungwa kifuani pake kwa utepe.

"Dada yangu, nilikuwa nakuja kwako," alisema. "Jiwe lake linakawia. Akinyonya kidogo tu, amechoka. Aliyelichonga hakulipa kina. Niongezee wewe, mikono yako ndiyo ninayoiamini."

Fundi hakatai jiwe la mgonjwa. Hilo ndilo neno la kwanza mtu hufundishwa kabla hajakabidhiwa patasi. Lakini si neno hilo lililomfunga. Angeweza kuutelezesha mkono kwenye alama ya nne, mara moja tu, jiwe likafa, na mama mtu angemshukuru kwa kujaribu. Aliiweka patasi palepale. Mtoto akapiga chafya, akaishangaa chafya yake mwenyewe, na mama akacheka.

Mkono ukamgomea. Akachonga alama zote saba, moja baada ya nyingine, na alichonga vizuri. Hakujua kuchonga vibaya, na alijichukia kwa hilo. Mtoto akavuta pumzi ndefu. Mshona nguo akamshika mikono yote miwili, na fundi akashindwa kumtazama usoni.

Aliporudi, Redio alikuwa ameketi kitandani, amejiegemeza ukutani, rangi imemtoka. Akamuuliza uzi uko wapi. Basi dada akamwambia yote: kapu, patasi, alama ya nne, alichokwenda kufanya na alichofanya.

Redio akauliza, "Anapumua vizuri?"

"Vizuri."

"Sasa ungefanyaje, dada?"

"Nilitaka uishi," alisema. "Nilikwenda kwa ajili hiyo."

"Najua."

Akaomba asaidiwe kujilaza. Dada alimshika mabega, akamlaza, akamvutia shuka mpaka kidevuni, akatandaza kiganja juu ya jiwe. Lilipiga, likakawia, likapiga. Ilikuwa saa nne asubuhi, watu wanauza na kununua barabarani, na kinyota kilikuwa huko juu nyuma ya mwanga wa jua, kikimlisha mtoto wa mshona nguo. Kazi yake mwenyewe, safi, isiyo na kasoro. Akakaa ukingoni mwa kitanda, patasi ingali kwenye mkoba, akisubiri pamoja na mdogo wake.