Kisima Juu ya Chemchemi

Mwaka Wachina walipoanza kununua duriani kwa wingi, Y Djuang alichimba visima kumi na tisa kabla ya mvua za kwanza. Hakuwahi kupata kazi namna ile. Zamani, watu wa kijiji chake cha Buôn Drao walipokuwa wakulima wa kahawa, alichimba viwili au vitatu kwa mwaka, na siku nyingi mashine yake ilikaa nyuma ya nyumba ikilaliwa na kuku. Sasa miti ya kahawa ilikuwa imekatwa na kufanywa kuni, vilima vyote vimejaa duriani, na duriani ni mti unaokunywa. Ukiukosesha maji wakati matunda yake bado madogo kama ngumi ya mtoto, huyapukutisha yote kwa juma moja.

Kwa hiyo kila mtu alimtaka. Walimvizia barabarani, walimpigia simu tonge likiwa mdomoni. Naye alichimba. Ila kulikuwa na jambo ambalo hakumwambia mtu isipokuwa mkewe, H'Bliak. Mwaka alioanza kazi hiyo, maji yalipatikana mita thelathini. Baadaye yakawa sitini, kisha mia na kumi. Safari hii hakuyapata popote kabla ya kufika mia na themanini.

"Yananikimbia," alimwambia. "Kila nikirudi nakuta yameshashuka."

H'Bliak alimwomba apunguze sauti, mama asije akasikia.

Mama ndiye aliyekuwa na nyumba. Kwa Waede, kabila lao, mwanamume akioa huhamia ukweni, na Y Djuang alikuwa ameishi miaka kumi na sita kwa mama mkwe wake, H'Lim. Ukoo wa H'Lim ndio ulioshika chemchemi ya kijiji, pale mabomba manne ya mianzi yalipomwaga maji ubavuni mwa kilima, na kila mwaka alisimama mbele yake na jogoo na mtungi wa pombe ya mchele, akaiombea. Mtu angedhani mwanamke wa namna hiyo angeviogopa visima. Wapi! H'Lim ndiye aliyekuwa wa kwanza kijijini kukata kahawa. Kwa mavuno ya kwanza alijenga nyumba ya matofali na kununua runinga pana kama mlango, na kila habari za mauzo ya nje zilipotangazwa aliwanyamazisha watu wote sebuleni.

Mwezi wa pili alifika Tuyến, mwenye ghala la kufungashia matunda kule barabara kuu. Alikuwa mtu mpole wa huko pwani, aliyetembea na chupa yake ya maji ya moto na asiyekunywa cha mtu. Alieleza kwamba mnunuzi wake wa ng'ambo ya mpaka anataka kontena arobaini kutoka kijiji kimoja, na hataweka sahihi mpaka aone maji ya uhakika. Kisima kimoja kikubwa kingetosha. Pa kukichimba alikuwa amekwisha kupaona: juu ya kilima, kwenye ardhi ya ukoo wa H'Lim.

"Mama, pale ni mgongoni mwa chemchemi," Y Djuang alisema.

"Napajua kuliko wewe uliyekuja hapa na begi moja."

Tuyến akacheka kwa adabu. Y Djuang akajaribu tena, akasema wangoje walau mvua zinyeshe.

"Tungoje nini?" H'Lim akamkata. "Bibi yangu aliikuta chemchemi inatoka, mama yangu akaikuta, na mimi nimeikuta. Chimba, mkwe. Au nimwite fundi wa mjini, uje umpikie chai?"

Akachimba. Alifanya kazi na Y Thik, kaka wa mkewe, mtu wa maneno machache. Siku ya nne, kwenye mita mia mbili thelathini, chuma kilianguka ghafla, kama mtu aliyekanyaga ngazi isiyokuwapo. Mashine ikanguruma bila mzigo. Y Djuang aliizima, na katika ule ukimya wakasikia sauti ndogo, ndefu, isiyokatika. Aliokota jani la duriani akaliweka mdomoni mwa shimo. Jani likajikunja na kutoweka ndani.

Y Thik alirudi nyuma hatua mbili. "Shemeji, shimo linavuta pumzi."

Walimpigia simu Tuyến. Alikuja na chupa yake, akaweka kiganja juu ya shimo, akakiondoa upesi na kukipangusa kwenye suruali.

"Ni pango tu, fundi. Pita."

"Kaka, hapo ndipo maji yalipokuwa," Y Djuang alisema. "Tumeyanywa. Huu ni upepo unaoingia mahali pake."

"Basi yapo chini zaidi. Kontena zinanisubiri, na mama mkwe wako ameshaweka kidole kwenye karatasi. Unataka nimwambie umekataa?"

Y Djuang alitazama chini bondeni, ambako bati la nyumba ya mkwewe lilikuwa liking'aa. Akawasha mashine. Kwenye mita mia mbili sitini na mbili maji yaliruka, ya vuguvugu, yenye harufu ya chuma kilichoshika kutu. H'Lim aliyanawa usoni mbele ya watu.

Aliyegundua mwanzo alikuwa H'Bliak. Alizoea kuweka kibuyu chini ya bomba, akafunga nywele, na akimaliza kufunga kibuyu kimejaa. Sasa alifunga nywele, akakaa chini, akala hindi zima. Baada ya majuma mawili bomba la mwisho kushoto lilikauka, na lililofuata likawa linadondosha. H'Lim alisema ni kiangazi tu. Lakini asubuhi moja alibeba mtungi na jogoo akaenda peke yake. Alirudi jua limekwisha kupinda, na jogoo yuko hai kwapani. Hakuna aliyethubutu kumwuliza.

Mvua zikaja mwezi wa tano, na zilinyesha kweli, hata barabara zikakatika. Mabomba manne yalibaki makavu. Uani kwa H'Lim pakatokea ufa wa kuingiza kidole, ukapita chini ya ukuta hadi sebuleni. Aliutandikia mkeka.

Duriani zilitoka nzuri ajabu. Kontena arobaini na tatu ziliondoka kuelekea mpakani, na runinga ikatangaza kwamba mkoa haujawahi kuuza nje matunda mengi kiasi kile. Wakati huo Y Djuang alikuwa kwenye foleni ya lori la maji, madumu sita miguuni pake. Kisima cha Tuyến kilikuwa kimeanza kutoa tope, na mle vilimani visima kumi na tatu kati ya vile kumi na tisa vilikuwa vimekufa.

Simu ikaita. Alikuwa Tuyến, mpole vilevile. Mkataba wa Buôn Drao hangeurudia, alisema, lakini kulikuwa na kijiji kingine ng'ambo ya mto. Kahawa ilikuwa inakatwa tayari.

"Na maji huko ni mita sitini tu, fundi."

Nyumbani, H'Lim alisema aende, kwa sababu miti yao ilitaka kisima kirefu zaidi na kisima kirefu kinataka mabomba mapya. H'Bliak alimfungia chakula cha safari bila kumtazama.

"Ukirudi," alisema, "usinitajie jina la hicho kijiji."

Alikwenda na Y Thik. Walipofika, mwanamke mmoja alikuwa akijaza vibuyu kwenye chemchemi iliyomwagika kwa mianzi saba. Aliona vumbi usoni mwao, akawakaribisha kunywa. Maji yalikuwa baridi ya kuuma meno. Y Thik alikataa. Alisimama akimkodolea macho shemeji yake, kama anayengoja aseme neno.

Y Djuang alikunywa mpaka tone la mwisho, akashukuru, akauliza ardhi aliyonunua Tuyến ni ipi. Yule mwanamke akanyoosha mkono kuelekea juu ya kilima, palepale nyuma ya mianzi, na akawaonyesha njia ambayo lori lao la mashine lingeweza kupita.

Maji yalipatikana siku ya pili, mita hamsini na nane, na watu wakapiga makofi.