Kipande cha Karibu na Kikonyo

Kipande cha kumi na saba kilitua juu ya ulimi wake, naye akafumba macho kama ilivyokuwa desturi yake. Watu walioketi kwenye mabenchi ya ghala walinyamaza. Hata aliyetaka kukohoa alikimeza kikohozi chake. Mwonja mbegu hakukihitaji kimya hicho, kwa maana ladha haina masikio, lakini katika miaka thelathini alikuwa amekizoea kama mtu anavyouzoea mto wake wa kulalia. Alivuta pumzi tatu. Akatema kwenye bakuli, akasukutua kwa maji, akafumbua macho.

"Tamu," alisema.

Katibu wa chama cha wakulima aliandika. Mwonja alichukua chaki, akachora mstari mweupe kwenye ganda la mumunye, akalisukuma upande wa kulia, yaliko mamumunye yaliyokwisha kupita.

Hakuwa amesikia chochote. Si utamu, si uchungu. Kipande kile kilikaa kinywani mwake kama kitambaa kilicholoa maji.

Alikata kingine, karibu na kikonyo, mahali ambapo uchungu hutangulia kukaa. Kikamponyoka, kikaanguka chini ya meza. Kuku wa mlinzi, ambaye siku za kuonja hakukosekana hapo mlangoni, alikikimbilia, akakidonoa mara moja, kisha akatikisa kichwa na kuufuta mdomo wake ardhini, upande huu na upande ule.

"Tazameni! Hata kuku siku hizi ana maringo," alisema mama mmoja wa benchi la mbele, aliyejulikana kwa jina la Mama Pacha. "Kazoea ubwabwa wa mlinzi huyo."

Watu wakacheka. Mwonja naye alicheka. Akakata kipande kingine kutoka kwenye tunda lile lile, akakiweka ulimini, akavuta pumzi tatu.

"Tamu," alisema, na chaki ikapita.

Kazi yake ilikuwa rahisi kuieleza. Mumunye la kula na lile la kutengenezea vibuyu ni ndugu wa tumbo moja: majani yao ni yale yale, maua yao ni yale yale, na yakiwa machanga hata sura hufanana. Tofauti imo ndani. Moja ni chakula. Jingine ni chungu hata kumpindua mtu tumbo na kumlaza kitandani. Na kwa kuwa nyuki hawajui mpaka wa shamba, vumbi la ua la huku huishia kwenye ua la kule, na mbegu ikatoka na damu ya pande zote mbili. Kwa hiyo, kabla ya mbegu kugawiwa, kila tunda lilipaswa kuonjwa. Lililo tamu lilipigwa chaki. Lililo chungu lilipigwa mkaa, likaenda kuanikwa liwe chombo cha maji.

Chama kizima kilikula kwa kuutegemea ulimi mmoja. Ndiyo sababu walimwita Bi Ulimi, na jina hilo lilikuja na kiti chenye mgongo, kisu kidogo chenye mpini wa mfupa, na nafasi ya mbele kwenye foleni ya bomba. Nyumbani kwa mwanawe alikuwa mjane aliyepewa chumba cha nyuma, kinywa cha kulishwa. Ghalani alikuwa kinywa kinacholisha wengine.

Ili mambo yasionekane ya ajabu, siku ile alichagua mamumunye matatu yenye ganda lililokunjamana, akasema, "Chungu," akayapiga mkaa. Miaka yote hayakukosekana machungu mawili matatu. Katibu aliitikia kwa kichwa, kwa heshima.

Ladha ilikuwa imemtoka tangu homa iliyomshika mwishoni mwa mvua. Alidhani itarudi, kama mgeni aliyekwenda dukani tu. Halafu asubuhi moja mkwewe, mke wa mwanawe, alitia chumvi kwenye chai badala ya sukari. Mwana alitema. Mkwe mwenyewe alikimbilia nje na kikombe chake. Waliporudi mezani walimkuta mama amekwisha kukimaliza kikombe chake, anajifuta midomo kwa ncha ya kanga.

"Mama! Hukuisikia chumvi?"

"Niliisikia, mwanangu. Sikutaka kukuaibisha."

Mkwe alisimulia kisa hicho mtaa mzima. Wanawake walisema, mama mkwe wa namna hiyo hazaliwi tena.

*

Miezi minne baada ya mbegu kugawiwa, Mama Pacha aliingia ghalani amebeba sufuria kichwani. Aliitua mezani kwa kishindo, mbele ya katibu.

"Onja," alisema. "Mwanaume ni wewe. Onja."

Katibu alichovya ncha ya kidole, akakunja uso, akatafuta pa kutemea.

"Wanangu wote wawili wamelala zahanati tangu juzi," alisema Mama Pacha. "Wanatapika mpaka nyongo. Nimelima kwa mikono hii, nimemwagilia kwa mikono hii, na kwa mikono hii hii nimewapakulia."

Kabla ya juma kwisha, wakulima wengi walikuwa na habari kama yake. Bustani zilizokuwa zimetandaa kijani hadi kwenye uzio zilizaa matunda manene, yenye kung'aa, yasiyolika. Watoto wa Mama Pacha walirudi nyumbani wamekonda shingo. Na kwa kuwa msiba haukosi wa kutupiwa, macho yalimwangukia fundi vibuyu.

Fundi vibuyu alikuwa mdogo wake marehemu mume wa Bi Ulimi. Alipanda mamumunye machungu kwa makusudi, akayaacha yakomae hadi yawe magumu kama mbao, akayatoboa, akayakausha, akayachora kwa msumari wa moto. Msimu ule kiwanja chake cha zamani kilikuwa kimechukuliwa na wajenzi, ndipo akahamishia mimea yake kwenye kipande kilichopakana na shamba la mbegu la chama. Ushahidi gani tena ulihitajika?

Siku ya mkutano alisimama, kofia mkononi.

"Nimehamia pale msimu huu," alisema. "Ua la msimu huu haliwezi kulitia uchungu tunda la msimu huu. Linaweza kuharibu mbegu za mwakani, hilo nakubali, na mkinifukuza kwa hilo nitafungasha. Lakini uchungu mliopika ninyi umetoka ndani ya mbegu mlizogawana hapa hapa. Msiniamini mimi. Muulizeni shemeji. Yeye ndiye aliyenifundisha, tangu kaka yangu alipomleta nyumbani akiwa bado anaona haya kula mbele yetu."

Wachache walicheka. Nyuso zote ziligeukia kwenye kiti chenye mgongo.

"Bi Ulimi," katibu alisema, "ni kweli?"

Ilikuwa kweli. Alimfundisha mwenyewe, wamechuchumaa kati ya matuta: ua la mwaka huu ni uchungu wa mwakani. Neno "ndiyo" lingemtosha kumwokoa shemeji yake. Lakini aliliona swali la pili limesimama nyuma ya lile la kwanza, linangoja zamu yake: ikiwa uchungu ulikuwamo tangu mwaka jana, nani aliupitisha? Alikitazama kisu chake kidogo. Mpini wa mfupa ulikuwa umelika pale ambapo kidole gumba chake hukaa.

"Nyuki wana mambo yao," alisema. "Siwezi kuapa kwa ajili ya nyuki."

"Na mbegu ulizopitisha?"

"Nilionja zote."

Hakuna aliyeweza kusema kwamba amedanganya. Fundi alibaki amemkodolea macho, kama mtu aliyeegemea ukuta akakuta ni pazia.

"Mchuma janga hula na wa kwao," alisema Mama Pacha, sauti yake imechoka zaidi ya kukasirika. "Wewe fundi umetulisha sisi."

Mkutano uliamua mimea ya fundi ing'olewe, na kesho yake fundi aliing'oa mwenyewe, hakungoja kung'olewa. Vibuyu vilikuwa bado laini. Kibuyu kilichotenganishwa na mmea wake kabla ya kukomaa hakikauki: hunywea, huota ukungu, huoza. Mwana wa Bi Ulimi alitumwa na chama kwenda kusimamia. Alirudi jioni, akanawa mikono muda mrefu kuliko kawaida.

"Ungemwona baba mdogo," alimwambia mkewe. "Alikuwa anavipanga kando, kimoja kimoja, kwa ukubwa. Kana kwamba atakuja mnunuzi."

Katika chumba cha nyuma, mama yake alikuwa anakunja nguo zilizokwisha kukunjwa.

*

Fundi alikuja kumtembelea majuma kadhaa baadaye, alasiri, siku moja kabla ya uonjaji mpya. Alikuwa amepungua. Kwapani amekumbatia tunda moja la kijani.

"Hodi kwa mke wa kaka."

"Karibu, shemeji. Karibu kiti."

"Sikai. Lakini mikono mitupu nayo si adabu." Akalitua tunda juu ya kigoda. "Nimelikuta limejificha kwenye uzio. Kesho unaonja, nikasema, acha nikupashe ulimi moto. Usije ukaniambia ulimi wa mjane umeota kutu."

Ulikuwa utani wao wa siku zote. Alitaka sana kumpa kitu mtu huyu. Fundi akatoa kisu chake, akakata kipande karibu na kikonyo, akampokeza juu ya bapa la kisu. Bi Ulimi alifumba macho. Akavuta pumzi tatu, kisha akaongeza ya nne.

"Tamu," alisema, akatabasamu. "Tamu kabisa, shemeji. Unaona? Si yote yaliyoharibika."

Akaanza kutafuna.

"Tema," alisema fundi.

"Nini?"

"Tema, shemeji! Tema, litakuumiza." Alikuwa amekwisha kumshika kidevu, amemkingia kiganja chake chini ya kinywa kama anayemlisha mtoto. "Limetoka kwangu. Ni kibuyu hicho."

Alitema kiganjani mwake. Fundi alikwenda kwenye ndoo, akanawa, akamletea maji kwa kopo, akasimama hadi alipomaliza kusukutua mara tatu. Kwa jirani mtu alikuwa anapasua kuni.

"Tangu lini?"

"Tangu homa."

"Ungesema."

"Ningesema, kisha ningeketi wapi?"

Fundi alifuta kisu chake kwenye suruali, upande mmoja, kisha upande wa pili, akakikunja. Mlangoni aligeuka.

"Mimi ningekupa kiti," alisema. "Ningekichonga mwenyewe."

Akaenda zake. Tunda lilibaki juu ya kigoda, limekatwa, jicho lake jeupe likaanza kugeuka hudhurungi.

*

Siku ya kuonja ghala lilijaa kupita kiasi. Mamumunye yalikuwa machache: yale tu ya bustani zilizosalimika, yamepangwa mezani, ganda baada ya ganda, na katika hayo ndimo mlimokuwa na chakula cha msimu ujao. Mama Pacha aliketi benchi la mbele, pacha mmoja kila upande. Nyuma kabisa, karibu na mlango, fundi vibuyu alikuwa amesimama kofia mkononi. Hakuna aliyemkaribisha, na hakuna aliyemfukuza.

"Tuanze, Bi Ulimi," alisema katibu. Kalamu yake ilikuwa tayari juu ya karatasi.

Chaki upande wa kulia. Mkaa upande wa kushoto. Alivuta tunda la kwanza, akalishika kwa kiganja, akakata kipande karibu na kikonyo, chembamba, kinachopitisha mwanga. Watu wakanyamaza. Akakiinua hadi usawa wa midomo.

Safari hii hakufumba macho. Aliwatazama wale watoto wawili, shingo zao nyembamba, na mmoja wao, aliyekuwa akimwangalia tangu mwanzo, akajificha nyuma ya mkono wa mama yake.

Vidole vya Bi Ulimi vikaachana. Kipande kilianguka chini ya meza.

"Kimekuponyoka, Bi Ulimi," alisema katibu. "Kata kingine."

"Subiri," alisema.

"Tusubiri nini?"

Bi Ulimi alikuwa ameinama, mikono miwili juu ya magoti, anatazama mlangoni. Na mmoja baada ya mwingine, watu wa mabenchi ya mbele nao wakainama kutazama anachokitazama. Kuku wa mlinzi aliingia kwa madaha, akakatiza katikati ya miguu yao, akasimama mbele ya kile kipande. Akakiangalia kwa jicho moja. Akageuza kichwa, akakiangalia kwa jicho la pili.

Kisha akainamisha mdomo.